Minong'ono Iliyotufikia Tunduma

Kitabu chenyewe nilikipata hakina jalada. Utingo mmoja wa lori la Kenya alikuwa amekwama kwenye foleni ya mpakani siku ya nne, pesa ya kula imekata, akawa anauza vitu vyake vidogo vidogo pale pembeni ya barabara: tochi, mkanda wa suruali, redio iliyofungwa kwa mpira. Mimi nikachukua kitabu kwa bei ya sahani moja ya chipsi. Nilipomuuliza kinahusu nini, akanijibu kuwa mwenye kukiandika ameshakufa lakini bado anachekesha. Basi hayo ndiyo yaliyokuwa maelezo yote.

Kitabu hicho kilikuwa *How to be a Kenyan*, kilichotoka mwaka 1996, na mwandishi wake ni Wahome Mutahi. Nilikisoma na kamusi mkononi, maana Kiingereza changu ni kile cha shule ya kata, si unajua tena. Lakini hata hivyo nilicheka. Nilicheka peke yangu chumbani usiku hadi jirani akagonga ukuta. Na baada ya kucheka nikaanza kujiuliza swali ambalo ndilo lililonisukuma kuandika makala haya: mtu huyu alifanyaje kazi hii ya kuchekesha kwa miaka ishirini, na ilimgharimu nini?

Naomba msomaji anivumilie kwanza niseme kwa nini swali hilo lilikuwa langu. Sisi hapa Tunduma tunacho kikundi kidogo cha maigizo, vijana saba, mazoezi tunafanyia kwenye ua wa mama mmoja muuza pombe ya kienyeji. Tuliwahi kutunga kichekesho kuhusu magendo ya mpakani: kuna mfanyabiashara, kuna mpagazi wa njia za panya, na kuna afisa mmoja mwenye tumbo ambaye kila akikohoa watu wanatoa noti. Afisa huyo ndiye aliyekuwa anaubeba mchezo wote. Siku mbili kabla ya kuonyesha, mkubwa mmoja akatuita, akatupa soda, akatushauri kwa upole kabisa kuwa mchezo ni mzuri ila yule afisa tumtoe. Tukamtoa. Mchezo ukaonyeshwa na watu hawakucheka hata mara moja. Kumbe tulikuwa tumebaki na mfanyabiashara na mpagazi wanaozungumza kuhusu bei ya sukari.

Ndiyo maana nikamfuatilia Wahome.

Alizaliwa tarehe 24 Oktoba 1954 huko Nyeri, kwenye miteremko ya Mlima Kenya. Miteremko hiyo baadaye ilikuja kuwa kama nchi nzima ndani ya maandishi yake. Kabla ya kuingia magazetini aliwahi kuwa DO, yaani afisa wa utawala wa serikali wilayani. Nadhani jambo hili linapuuzwa na wengi wanaomzungumza. Mtu aliyewahi kukaa nyuma ya meza ya serikali anajua jinsi mkubwa anavyosafisha koo kabla ya kusema uongo, na anajua kuwa faili likipotea huwa halijapotea. Hayo hayafundishwi darasani.

Mwanzoni mwa miaka ya 1980 akaanza safu ya gazeti iliyoitwa "Whispers", yaani minong'ono. Safu hiyo, pamoja na mapumziko ya lazima nitakayoyaeleza, ilidumu hadi mwaka 2003, na sehemu kubwa ya umri wake ilikuwa kwenye gazeti la *Sunday Nation*. Kila Jumapili. Wewe uliyewahi kuahidi kuleta shairi moja kwa mwezi na ukashindwa, piga hesabu hiyo uione.

Sasa safu zipo nyingi na wachekeshaji wapo wengi. Tofauti yake ni kwamba Wahome hakuandika maoni. Aliunda familia. Kulikuwa na Whispers mwenyewe, baba wa nyumba, mlevi wa wastani, mwoga, mwenye kujisifu na kujiita "Son of the Soil", mwana wa udongo. Kulikuwa na mkewe aliyeitwa Thatcher, na jina hilo hukuhitaji kuelezwa miaka hiyo, maana Waziri Mkuu wa Uingereza alikuwa Margaret Thatcher na dunia nzima ilikuwa inajua mwanamama yule habembelezwi. Kulikuwa na mtoto wa kiume, Whispers Junior, na binti aliyeitwa Pajero, jina la gari la wakubwa. Kulikuwa na mama yake mzee kule mlimani, Appepklonia, au kwa kifupi Appep. Hilo ni jina la ubatizo, Apollonia, lililopita katika kinywa cha Nyeri likatoka na sura nyingine. Kulikuwa na Teacher Damiano na fimbo yake, na padri wa Kizungu, Father Camissassius. Msomaji wa Jumapili hakusoma habari za serikali. Alisoma habari za nyumba ya Whispers, na serikali akaikuta humo humo jikoni.

Hapa ndipo mimi ninapoona uigizaji wake ulipoanzia, hata kabla hatujaongelea jukwaa. Mwandishi wa kawaida wa safu anasimama pembeni na kuwanyooshea wengine kidole. Wahome alivaa vazi la mjinga. Yule Whispers anayefukuzwa na mkewe, anayedaiwa baa, anayejifanya mkubwa na kumbe mfukoni hana kitu, ndiye aliyekuwa anasema "mimi". Aliigiza nafasi hiyo kwenye karatasi kwa miaka ishirini bila kuvua vazi. Na mjinga, kama wanavyojua wazee wetu wa vijijini, anaruhusiwa kusema asichoruhusiwa mwenye akili. Whispers akisema nyumbani kwake yeye ndiye rais wa kudumu na hataki uchaguzi, na mkewe akamjibu, unadhani msomaji wa Kenya ya chama kimoja alifikiri nini?

Ilikuwa kweli Kenya ya chama kimoja. Mwezi Juni 1982 Bunge lilibadili Katiba na KANU ikawa chama pekee kisheria. Tarehe 1 Agosti mwaka huo huo wanajeshi wa anga wakajaribu kupindua serikali wakashindwa, na baada ya hapo Rais Daniel arap Moi hakuwa tena na masihara na mtu. Ilipofika 1986 msako ulikuwa ni wa Mwakenya, chama cha siri cha upinzani. Walikamatwa walimu, wanafunzi, waandishi, wakulima, na wengine hata hawakujua Mwakenya ni kitu gani. Wahome alikamatwa mwaka huo, yeye na ndugu yake.

Walipelekwa Nyayo House, jengo refu la serikali katikati ya Nairobi. Juu ni ofisi za kawaida ambako watu walikuwa wanapanga foleni za hati. Chini ya ardhi kulikuwa na seli, na wengi waliopita humo wameeleza jinsi seli zilivyokuwa zinajazwa maji, mtu anakaa ndani ya maji bila nguo, bila kujua ni mchana au usiku, hadi akubali kusema kinachotakiwa. Kinachonisumbua mimi ni hiyo foleni ya juu. Mtu amesimama na picha zake za pasi, anatazama saa, na chini ya viatu vyake kuna mtu anaugua. Baada ya hapo Wahome alipelekwa mahakamani na akafungwa.

Wengi wetu tungetoka gerezani tukatafuta kazi ya kuuza viatu. Yeye alirudi kwenye safu, Whispers akarudi, Thatcher akarudi, Appep akarudi. Lakini pembeni alikuwa anaandika kitu kingine, na kitu hicho hakichekeshi hata kidogo. Mwaka 1991 ikatoka riwaya yake *Three Days on the Cross*. Ina watu wawili, Chipota na Momodu, waliokamatwa na polisi wa siri katika nchi isiyotajwa jina, inayotawaliwa na mkubwa anayeitwa Mtukufu, wakiteswa kwa kosa wasilolijua. Mwaka 1992 riwaya hiyo ilipata Tuzo ya Fasihi ya Jomo Kenyatta. Mwaka huo huo ikatoka *The Jail Bugs*, kuhusu maisha ya wafungwa. Angalia tarehe vizuri: kifungu cha chama kimoja kilifutwa Desemba 1991. Riwaya ya mateso ilitoka mlango ukiwa bado haujafunguliwa vizuri.

Nimezungumza na rafiki zangu wa kikundi kuhusu hili na hatukukubaliana. Mmoja wetu, ambaye ndiye mwenye akili za darasani, anashikilia kuwa Wahome wa kweli ni yule wa riwaya, na safu ilikuwa ni ya kumpatia ugali. Mimi nasema la. Riwaya inaonyesha alichofanyiwa. Safu inaonyesha kuwa hakikumvunja. Mtu aliyekaa ndani ya maji Nyayo House akatoka akaandika kuhusu baba mwoga anayejificha chini ya kitanda mkewe akiingia, huyo anacheka na woga wake mwenyewe, na woga unaochekwa hadharani unapungua uzito kidogo. Sisi tulimtoa afisa wetu kwa chupa ya soda.

Tuje kwenye jukwaa. Ukiwa mwandishi wa safu ya Kiingereza, hata kama umechanganya Kiswahili, Sheng na Kikuyu kama alivyofanya yeye, bado Appep wako mwenyewe kule mlimani hakusomi. Wahome alilijua hilo. Akaanza kutunga tamthilia za Kikuyu na kuzionyesha kupitia kundi la Igiza Productions, na ukumbi wake haukuwa Jumba la Taifa la Maigizo. Ulikuwa ni baa. Watu wamekaa na chupa zao, nyama inachomwa, mtoto wa jirani anachungulia dirishani, na mchezo unaendelea. Mojawapo ya tamthilia hizo ni *Mũgaathe Mũbogothi*, ambayo kwa Kiswahili naweza kusema ni Mheshimiwa Mropokaji. Nyingine ni *Makaririra Kĩoro*, yaani Watalilia Chooni. Kwa majina hayo tu huhitaji kueleza zaidi.

Kwa Kenya, kupanda jukwaani na lugha ya mama halikuwa jambo dogo. Mwaka 1977 Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ walitunga *Ngaahika Ndeenda* pamoja na wanakijiji wa Kamĩrĩĩthũ, Limuru. Wakulima na wafanyakazi wa viwanda ndio waliokuwa waigizaji. Mwezi Novemba mwaka huo serikali ikafuta kibali cha mchezo, na tarehe 31 Desemba Ngũgĩ wa Thiong'o akakamatwa, akawekwa kizuizini bila kushitakiwa. Mwaka 1982 ukumbi wenyewe wa Kamĩrĩĩthũ ukabomolewa. Riwaya ya Kiingereza serikali iliweza kuivumilia, maana wasomaji wake ni wachache na wengi wao wana mishahara. Mchezo wa Kikuyu mbele ya watu ambao hawana cha kupoteza, hilo lilikuwa jambo lingine. Kwa hiyo Wahome alipochagua Kikuyu na baa, alichagua akijua nini kiliwapata waliotangulia.

Na baa ni shule ngumu. Ukumbini mtu amelipa tiketi, amekaa kimya, hata mchezo ukimchosha anapiga makofi kwa adabu. Baa haina adabu hiyo. Mstari usiposhika ndani ya nusu dakika, mteja anaita muhudumu na mchezo wako umekwisha. Nadhani ndiyo maana sentensi zake kwenye safu ni fupi na zinauma haraka, kama mtu aliyezoea kusikia chupa zikigongana.

Wazee wetu watasema hayo ya baa hata Tanzania yalikuwepo, na ni kweli. Miaka ya 1980 na 1990 vikundi vikubwa vya sanaa vya Dar es Salaam, kama Muungano na baadaye TOT iliyoanzishwa 1992, vilikuwa vinapanga usiku mmoja ngoma, taarabu, sarakasi, kichekesho na igizo, na kumbi zake zilikuwa ni baa hizo hizo. Redio Tanzania ilikuwa na Pwagu na Pwaguzi, ambao hata huku mpakani walisikika kwenye redio za mkulima, na watu wazima wa hapa bado wakimwona mtu mjanja aliyezidiwa ujanja wanawataja hao wawili. Alikuwepo Mzee Small, Said Ngamba, aliyefariki Juni 2014. Alikuwepo King Majuto wa Tanga, Amri Athumani, aliyezaliwa 1948 na kufariki tarehe 8 Agosti 2018, ambaye akiinua nyusi tu watu wameshaanza kucheka. Kenya kwenyewe alikuwepo Mzee Ojwang, Benson Wanjau, wa *Vitimbi*, aliyetutoka Julai 2015.

Lakini vichekesho vya jukwaa vya kwetu vilitungwa papo hapo. Mkubwa wa kikundi anatoa kisa, waigizaji wanagawana nafasi, maneno yanakuja kesho yake mbele ya watu. Ni ufundi mkubwa na mimi siudharau, ndio tunaoutumia hata sisi uani kwa mama. Hasara yake ni kwamba kichekesho kikiisha kimekwisha. Nilipotaka kusoma kichekesho kimoja cha Muungano, nione kimejengwaje, hakuna nilichopata mkononi. Wahome nimemsoma kwa sababu alifanya yote mawili, jukwaa na karatasi, na karatasi ndiyo iliyopanda lori ikafika Tunduma, mwandishi akiwa kaburini. Bila hivyo nisingejua hata jina lake.

Tarehe 7 Agosti 1998 ubalozi wa Marekani jijini Nairobi ulilipuliwa kwa bomu, siku moja na ule wa Dar es Salaam, na Nairobi pekee walikufa zaidi ya watu mia mbili. Wahome aliandika riwaya kutokana na tukio hilo pia, *Doomsday*. Hiyo sijaipata bado, kwa hiyo siisemei.

Desemba 2002 Wakenya walipiga kura na tarehe 30 ya mwezi huo Moi akakabidhi madaraka kwa Mwai Kibaki baada ya miaka 24. Mtu wa Nyeri akawa Rais, na wale waliofungwa kwa ajili ya Mwakenya wakaanza kusema hadharani. Mwaka 2003 vyumba vya chini vya Nyayo House vikafunguliwa watu wavione. Mchekeshaji wetu angekuwa na kazi kubwa sana katika serikali ile mpya, maana walioapa kuwa wasafi ndio chakula kizuri cha mchekeshaji. Hakuipata nafasi hiyo. Tarehe 7 Machi 2003, miezi miwili na siku chache baada ya Moi kuondoka, aliingia hospitali kwa upasuaji mdogo, ule ambao mtu anawaambia wenzake tutaonana jioni. Hakuamka kutoka kwenye nusukaputi. Alilala bila fahamu siku 137, akafariki tarehe 22 Julai 2003. Alikuwa na miaka 48.

Nimezihesabu siku hizo kwenye kalenda, zinatosha Jumapili ishirini.

Wachapishaji wa Kenya walianzisha tuzo kwa jina lake, Tuzo ya Fasihi ya Wahome Mutahi, iliyotolewa mara ya kwanza mwaka 2006 kwa Onduko bw'Atebe na riwaya yake *The Verdict of Death*. Ni heshima nzuri. Ila napata shida kidogo nikimfikiria Whispers mwenyewe amealikwa kwenye hafla ya tuzo hiyo: angefika amechelewa, angeuliza bia iko wapi, na Thatcher angekuwa amekaa mstari wa mbele anamwangalia.

Kuna jambo moja la mwisho, nalo linatoka kwenye kazi ile ile ya gazeti la Nation. Mwaka 1992 alijiunga na gazeti hilo kijana mchora katuni kutoka Dar es Salaam, Godfrey Mwampembwa, ambaye dunia inamjua kwa jina la Gado. Mtanzania huyo alikwenda kuwachora wakubwa wa Kenya, na baadaye wa Afrika nzima, akiwa kwenye kampuni ile ile aliyoandikia Wahome. Ukitamka jina Mwampembwa hapa sokoni Sogea, au Vwawa, au Mbeya mjini, hakuna atakayekuuliza limetoka wapi. Kwa hiyo wanaosema watu wa huku kwetu ni wapole, hawana mdomo, hawafai kwa dhihaka, waende wakaangalie kwanza hizo katuni.

Kitabu changu kisicho na jalada sasa kimezunguka kwa wenzangu wote saba. Kimerudi na mafuta ya maandazi na kurasa mbili zimeshikana. Yule mwenye akili za darasani ameanza kuandika mchezo wetu kwenye daftari la kaunta, mstari kwa mstari, kwa kalamu, jambo ambalo hatukuwahi kulifanya. Amemrudisha afisa. Safari hii afisa hana cheo wala sare. Ni baba tu wa nyumba moja ya Tunduma, ameweka kamba mlangoni mwa jiko, na kila mtoto anayetaka kuvuka kwenda kula anasimama, na baba anakohoa.

Tumesoma kurasa tano za kwanza uani, na mama mwenye pombe amecheka mpaka akamwaga kata. Mazoezi ni Jumamosi. Nafasi ya baba bado haijapata mtu. Kila mmoja anasema inamfaa mwenzake.